Wazee wa Buon Enao hawakuwa vibaraka

Vita ya Vietnam inapojadiliwa, makabila ya milima ya kati hupitiwa kwa neno moja: vibaraka wa Marekani. Neno hilo linafuta masharti yaliyotangulia bunduki.

Mwishoni mwa 1961, Wamarekani walipofika Buon Enao, kijiji cha Warhade, moja ya makabila hayo, karibu na mji wa Ban Me Thuot, wazee hawakukubali papo hapo. Vikao viliendelea siku nyingi. Walidai jeshi la Saigon, yaani la serikali ya Vietnam Kusini, likome kushambulia vijiji vya Warhade na majirani zao Wajarai, waliolazimishwa kuwasaidia waasi wa kikomunisti, Vietkong, wasamehewe, na serikali ilete tiba, elimu na msaada wa kilimo. Ndipo wakajenga uzio na kupokea silaha. Kibaraka hampangii bwana wake masharti. Hawa walikuwa na kesi yao ya ardhi: utawala wa Rais Ngo Dinh Diem wa Saigon ulikuwa ukiwaleta walowezi kutoka nyanda za chini kwenye ardhi ya mababu zao.

Timu ya makomando wa Marekani ilikuwa na watu 12. Kufikia mwisho wa 1962, mpango huo wa kuwapa wanavijiji silaha ulikuwa na vijiji kama 200 na walinzi 10,600. Timu chache za namna hiyo zingewezaje kuwashika watu elfu kumi kwa nguvu? Kilichowashika ni ile ahadi, na hapo ndipo penye kasoro, maana makomando hawakuwa na mamlaka ya kuitimiza.

Saigon nayo ilikuwa na hoja, tena nzito. Serikali gani ingetulia ikiona maelfu ya raia wake wamepewa silaha na wageni? Mwaka 1963 Buon Enao ikakabidhiwa kwa wakuu wa mkoa, na madai ya wazee yakakosa msemaji. Septemba 1964 wapiganaji wa milimani katika kambi kadhaa wakaasi, wakaua makumi ya Wavietnam. Mauaji hayo hayana utetezi. Ila Wamarekani waliokuwa kambini humo hawakuwaua.

Mwaka 1992, miaka 17 baada ya Saigon kuanguka, watu wa milimani wapatao 400, wapiganaji na familia zao, walikutwa katika misitu ya Mondulkiri, Kambodia, wakakabidhi silaha kwa Umoja wa Mataifa. Walipelekwa North Carolina, Marekani, na miongoni mwa waliowapokea walikuwamo makomando wastaafu. Mshahara wa Marekani ulikuwa umekatika tangu zamani.