Adapta ya Wai-Fai ya Kunasa Mbali: Kasi Kwanza au Draiva Kwanza?

Anayetaka adapta ya USB ya kunasa Wai-Fai kutoka mbali ili aitumie kwenye Linux hupewa ushauri wa aina mbili. Wako wanaomwambia achukue yenye kasi, kama Alfa AWUS036ACH, kisha asakinishe mwenyewe draiva, yaani programu inayoiwezesha kompyuta kuitumia adapta. Na wako wanaomtaka atazame chipu kwanza, achague ile ambayo draiva yake imo tayari ndani ya kerneli (kiini cha Linux), hata kama kasi itapungua. Hawa wa pili huonekana waoga wa kazi, na sidhani wanatendewa haki.

Hoja ya kasi ina uzito wake. RTL8812AU, chipu ya adapta hiyo, hutumia masafa ya GHz 2.4 na 5 na kwa nadharia hufikia Mbps 867, ilhali AR9271, chipu ya adapta ya AWUS036NHA, hukomea GHz 2.4 na Mbps 150. Kusakinisha nako si kugumu: pakiti ya linux-headers (faili za kerneli zinazohitajika kujengea draiva), DKMS (zana inayojenga draiva upya kila kerneli inapobadilika), msimbo wa draiva na amri chache.

Ugumu huja kerneli inaposasishwa. DKMS hujaribu kuijenga draiva upya, lakini ikiwa kerneli mpya imebadilisha jambo ambalo msimbo haujalifuata, ujenzi hushindikana. Kompyuta ikiwashwa tena, amri ya lsusb, inayoorodhesha vifaa vya USB, inaonyesha 0bda:8812 (namba ya utambulisho ya adapta) kama kawaida, ila orodha ya mitandao ni tupu. Msimbo uliorekebishwa uko intaneti, na intaneti ndiyo iliyokatika. Mjuzi atachomeka simu kwa kebo au atarudi kwenye kerneli ya zamani kupitia menyu ya GRUB inayotokea kompyuta inapowaka. Mwalimu wa shule ya kijijini aliyefungiwa adapta na fundi ambaye ameshaondoka atafanya nini? Secure Boot nayo (ulinzi unaokagua saini za programu kompyuta inapowaka), ikiwa imewashwa, huikataa draiva isiyo na saini inayotambulika, hata ikiwa imejengwa bila kosa.

AR9271 haina mzigo huo, kwa kuwa draiva yake, ath9k_htc, imo ndani ya kerneli tangu 2010, na wanaobadilisha kerneli huirekebisha papo hapo. Isitoshe, mnunuzi alikuja kutafuta umbali, na GHz 5 hufifia mapema kuliko 2.4, hasa penye kuta. Mjini, ambako GHz 2.4 imesongamana, nakubali hesabu hubadilika. Lakini hata huko ipo MT7612U, chipu ya adapta ya AWUS036ACM, yenye GHz 5 na draiva iliyomo kwenye kerneli tangu 2018.

RTL8812AU yenyewe imeingizwa katika rtw88, draiva iliyomo ndani ya kerneli, kwenye matoleo ya kerneli ya 2025. Aliyekwisha kuinunua aandike amri ya uname -r, inayoonyesha toleo la kerneli, kabla ya kupakua chochote, kwani huenda kerneli yake tayari inayo draiva hiyo.