Miloš Macourek na uchawi wenye masharti

Ngano nyingi za filamu humkabidhi mhusika fimbo ya uchawi kisha zikamwacha afanye atakalo, na hadithi hufa papo hapo, kwa kuwa hakuna tena linaloweza kumshinda. Miloš Macourek, mwandishi wa Chekoslovakia aliyezaliwa Kroměříž mwaka 1926 na kufariki mwaka 2002, aliepuka kosa hilo karibu maisha yake yote ya kazi. Naamini hiyo ndiyo siri yake: katika miswada yake uchawi una masharti, na aghalabu huangukia mikononi mwa mtu asiyestahili kuushika.

Filamu ya Kdo chce zabít Jessii? (1966), aliyoiandika pamoja na mwongozaji Václav Vorlíček, inalionyesha jambo hilo waziwazi. Mwanasayansi mmoja wa kike amevumbua dawa ya kufuta ndoto mbaya, na anaijaribu kwanza kwa ng'ombe anayeota akisumbuliwa na pange. Ng'ombe analala kwa raha, lakini pange wale, kwa kuwa wamefukuzwa ndotoni, wanatokea maabara wakiwa hai. Baadaye ni zamu ya mume wake, ambaye alikuwa akimwota shujaa wa kike wa katuni, na sasa shujaa huyo yumo nyumbani pamoja na wabaya wanaomwinda. Mtazamaji wa nchi ile, iliyotawaliwa na chama kimoja kilichotaka kusimamia hata fikra za raia, hakuhitaji kufafanuliwa kichekesho hicho.

Baada ya majeshi ya Mkataba wa Warsaw, muungano wa kijeshi ulioongozwa na Umoja wa Kisovyeti, kuivamia nchi mwaka 1968, wasanii wengi walinyamazishwa, ilhali Macourek na Vorlíček waliendelea kufanya kazi. Wapo wanaoweza kusema kwamba walijificha ndani ya ngano. Mimi sikubaliani nao kikamilifu. Katika Dívka na koštěti (1972), mchawi kijana Saxana anaadhibiwa na shule yake kwa kuzuiliwa miaka 300, na anapotorokea kwa binadamu anapata saa 44 tu. Shule ya wachawi ina urasimu uleule wa shule yetu sisi, na hilo si jambo la mtu aliyeikimbia dunia.

Kilele chake, kwangu, ni Arabela, tamthilia ya televisheni ya vipindi 13 iliyoanza kurushwa mwaka 1979. Majer, msimulizi wa ngano katika televisheni, anapata kengele inayomwita mchawi Rumburak; anatamani kuwa mwindaji hodari, anapelekwa katika ulimwengu wa ngano, na huko anampiga risasi mbwa mwitu anayezungumza. Kosa la mtu mpole, lililofanywa kwa majivuno madogo tu, linavuruga ulimwengu wa ngano na wa binadamu pia. Rumburak, akitaka kulipiza kisasi kwa adhabu aliyopewa, anavaa sura ya Majer na kuzisimulia ngano kwa kuzipotosha mbele ya watoto wa nchi nzima. Sijaona mwandishi mwingine aliyeigeuza studio ya televisheni kuwa silaha kwa wepesi kama huo, na tena katika kipindi cha watoto kilichorushwa na televisheni ya serikali yenyewe.

Arabela se vrací, mwendelezo wa mwaka 1993, haufikii kiwango hicho: vituko ni vingi, masharti yamelegea, na kila tatizo linapata dawa yake mapema mno.