Kigoda cha zamani, moshi wa juzi

Wanunuzi wa vigoda vya Wagogo mjini Dodoma wameanza kudai karatasi: nani alichonga, kimetoka kijiji gani, kimepita mikono ya nani. Hawadai bure, maana kuzeesha mti ni kazi nyepesi. Kigoda kipya hupakwa mafuta, hufukizwa moshi, hufukiwa udongoni. Kikifukuliwa utaapa kilikaliwa na babu wa babu yako.

Ila karatasi inamlinda nani? Wolfgang Beltracchi, Mjerumani aliyehukumiwa mwaka 2011 kwa kughushi michoro ya wasanii maarufu, alikuwa na ushahidi tele. Mkewe alivaa mavazi ya kizamani, akapigwa picha akijifanya bibi yake mzaa mama, michoro ya uongo ikining'inia nyuma yake. Wataalamu wakaridhika. Kilichomwangusha ni rangi nyeupe ya titani, iliyokutwa kwenye mchoro uliodaiwa kuwa wa 1914, wakati rangi hiyo haijaingia madukani.

Hapo maabara ilimaliza ubishi. Kwa kigoda sina hakika. Kipimo cha kaboni hutaja umri wa mti, si siku ulipochongwa, na kwa mti wa karne mbili tatu zilizopita majibu yake hubabaisha. Masizi nayo hayathibitishi kitu. Ndani ya tembe, nyumba ya udongo ya Wagogo, moto wa jikoni hufukiza kila kilichomo.

Mimi ningekigeuza kwanza. Kigoda kilichokaliwa kweli kimelainika katikati, ukingo wa kushikia unang'aa, na mguu mmoja umelika kuliko mingine kwa sababu sakafu ya udongo haikuwa sawa. Masizi ya kupaka huenea hadi pale makalio yalipopaswa kuyafuta.

Watetezi wa karatasi watasema jicho halitambui mali ya wizi. Kweli, na hapo sibishani nao. Lakini mzee wa Chamwino aliyerithi kigoda cha baba yake hana risiti, atarudishwa nacho nyumbani, huku dalali mwenye mhuri wa kuchongesha akipita. Tukiifanya karatasi kuwa hakimu pekee, tumempa mwongo kazi anayoiweza zaidi.

Karatasi ifae kwa kazi za leo, ambazo mchongaji wake yu hai na anaweza kuulizwa. Achome jina lake na mwaka chini ya kigoda. Dalali akitaka kukiita cha enzi za ukoloni wa Mjerumani itabidi akwangue, na mti uliokwanguliwa huonekana.