Gololi ya Sally na mzigo iliyobebeshwa

Mwaka 1985 watafiti watatu wa London, Simon Baron-Cohen, Alan Leslie na Uta Frith, waliwaonyesha watoto mchezo wa wanasesere wawili. Sally anaweka gololi yake kwenye kikapu, anatoka. Huku nyuma Anne anaihamishia kwenye boksi. Sally akirudi ataitafuta wapi? Kikapuni, bila shaka, kwa kuwa hakuona ikihamishwa. Lakini kati ya watoto 20 wenye usonji, 16 walionyesha boksi. Wenye sindromu ya Down, ambao vipimo vya akili viliwaweka chini yao, walipatia 12 kati ya 14.

Hapo likazaliwa dai kubwa: kwamba mtoto mwenye usonji hana "nadharia ya akili", yaani hatambui kuwa mwenzake ana mawazo yake, na kwamba mawazo hayo yanaweza kuwa na makosa.

Dai hilo lina mashiko kuliko wapinzani wake wanavyopenda kukiri. Mpige picha mdoli mwenye nguo nyekundu, mvishe ya kijani, kisha uliza nguo pichani ni ya rangi gani. Watoto wengi wenye usonji walioshindwa swali la Sally hulipatia hili. Kwa hiyo shida haikuwa kukumbuka mambo yalivyokuwa mwanzo. Iliwatatiza akili ya mtu, si picha.

Ila mwaka 1995 mtafiti Francesca Happé alionyesha kwamba watoto wenye usonji huanza kulijibu swali la Sally wakiwa na kiwango cha lugha cha mtoto wa miaka 9 hivi, wakati wengine huliweza wakiwa na cha miaka 4. Mwaka huohuo, huko Australia, Candida Peterson na Michael Siegal waliwapima watoto viziwi waliozaliwa katika familia zinazosikia. Wengi wao walishindwa, kama wale wenye usonji. Viziwi waliolelewa na wazazi wanaotumia lugha ya alama tangu utotoni hawana shida hiyo. Kwangu huu ndio ushahidi mzito kuliko wote. Mtoto hujifunza kwamba watu huwaza tofauti kwa kusikia, au kuona, watu wakisemezana: "alidhani umeondoka", "hakujua kama ni chako". Akinyimwa mazungumzo, anachelewa. Hilo halithibitishi kwamba usonji una chanzo hichohicho, lakini linatosha kutufanya tusite kusema kuna kiungo kilichokosekana kichwani.

Mwaka 2012 Damian Milton, mwanasosholojia wa Uingereza ambaye mwenyewe ana usonji, aliligeuza swali: mbona hatupimi jinsi wasio na usonji wanavyoshindwa kuwasoma wenye usonji? Hoja ni ya haki. (Huku kwetu mtoto asiyetoa shikamoo huambiwa hana adabu kabla yeyote hajauliza kwa nini.) Utafiti wa Edinburgh wa 2020 ulionekana kumuunga mkono: habari iliyopokezanwa mtu kwa mtu ilipotea zaidi wenye usonji na wasio nao walipochanganywa. Lakini uliporudiwa mwaka 2025 kwa watu zaidi ya 300, tofauti hiyo haikuonekana. Wanaharakati walioutumia ule wa kwanza kama hukumu ya mwisho walikuwa na haraka, kama walivyokuwa na haraka wale wa 1985.

Kwa mzazi, hata hivyo, swali la karibu zaidi ni kama mtoto afundishwe kumjibu Sally. Watafiti Sally Ozonoff na Judith Miller walijaribu Marekani, tena mwaka huohuo wa 1995, kwa vijana wachache wenye usonji. Majibu yao kwenye majaribio ya aina hii yaliboreka. Wazazi na walimu, walioishi nao kila siku, hawakuona mabadiliko katika namna walivyohusiana na watu. Saa hizo za mtaalamu ningezitumia kumpa mtoto njia ya kuwasiliana, iwe maneno, ishara au kadi za picha.