Folda ya PSP, Gemu za PSP Hazikai Humo

Jamani, nauliza tu, sina ugomvi na mtu. Mashine ya Sony ya kuchezea gemu mkononi inaitwa PSP. Ukifungua kadi yake ya kuhifadhia kwenye kompyuta unakuta folda imeandikwa PSP, herufi kubwa, wala haijifichi. Una gemu ya PSP mkononi. Mtu mwenye akili zake timamu ataiweka wapi? Ataiweka humo. Basi kakosea! Gemu za PSP haziwekwi kwenye folda ya PSP. Zinawekwa kwenye folda inayoitwa ISO, ambayo haipo. Uitengeneze mwenyewe, kwa mikono yako, tena nje ya ile ya PSP, wakae majirani. Ukiiingiza ndani, mashine inakukodolea macho kama mgeni aliyekosea nyumba, halafu inakwambia hakuna kitu.

Hakuna kitu! Kadi imejaa hadi kooni, yeye hakuna kitu.

Sasa tuelewane, maana hapa ndipo watu wanapotoana roho. Faili linaloishia na .iso (nakala ya diski nzima ya gemu) au .cso (nakala hiyo hiyo ikiwa imekandamizwa) linaingia kwenye ISO, likiwa uchi, si limefungiwa ndani ya folda tatu kama mtoto mchanga wakati wa baridi. Faili linaloitwa EBOOT.PBP, lile la kuanzishia gemu au programu, ndilo lenye ruhusa ya kuingia PSP, kisha GAME, kisha folda yake lenyewe. Njia nzima isomeke hivi: PSP/GAME/jinalolote/EBOOT.PBP. Folda unaweza kuiita hata "usiniguse", mashine haijali. Ila EBOOT.PBP usilibadilishe jina, ng'o. Ukiliita jina la gemu ili likae vizuri, ndiyo kwaheri, halionekani tena. Na usiweke EBOOT mbili kwenye folda moja. Kompyuta itakuuliza kama la zamani libadilishwe, na wewe kwa uchovu wa usiku utabonyeza ndiyo. Hapo una gemu moja na majuto mawili.

Gemu za PlayStation ya kwanza nazo zina maringo yake. Nakala za CD zake zinakuja zikiwa .bin na .cue, na ukizitupa kwenye ISO hivyo hivyo hazisomeki. Zinapitishwa kwanza kwenye programu kama PSX2PSP, zigeuke EBOOT.PBP, ndipo zikapange foleni kwenye GAME pamoja na wenzao.

Halafu kuna hawa wa kubadilisha mwisho wa jina. Faili limekuja likiwa .zip au .7z, mtu analiandika .iso kwa kidole chake na kuamini kazi imekwisha. Ndugu yangu, ukibandika lebo ya asali kwenye chupa ya mafuta ya taa, ukionja utajua. Faili lililofungashwa lifunguliwe kwanza kwenye kompyuta, utoe ISO iliyomo, hiyo ndiyo ikopiwe. Windows nayo inasaidia kuchanganya mambo kwa kuficha herufi za mwisho za majina, unabaki unakisia nani ni nani. Washa zionekane. Na angalia ukubwa: UMD, ile diski ndogo ya gemu za PSP, inabeba GB 1.8 basi, hata ikijikamua. Ukiona ISO ya GB 4 inajiita gemu ya PSP, hiyo ni ya mashine nyingine, imepotea njia.

Haya, umepanga vizuri. Unawasha, unaingia Game, unaingia Memory Stick, unakuta gemu za ISO hazionekani kabisa, au EBOOT imekuwa kiboksi cha kijivu: data iliyoharibika. Mtu anaanza kulia, anafuta, anakopi upya, anafuta tena. Gemu wala haijaharibika! Ni fimwea, ile programu ya ndani inayoendesha mashine, imelala.

Hili nalo linanitia hasira kuliko yote, kwa sababu hakuna anayekwambia mapema. Fimwea ya kuongeza, isiyo ya Sony, kama PRO, inayokaa juu ya toleo rasmi la 6.60 au 6.61, ikiwekwa kwa njia ya kawaida inaishi kwenye memori ya kazi tu. Ukizima mashine kabisa, inayeyuka. Ukiwasha, una PSP ya dukani, adilifu, isiyojua ISO ni mnyama gani. Ndiyo maana kwenye GAME kuna kile kiprogramu cha Fast Recovery: unakibonyeza kila ukiwasha, kioo kinakuwa cheusi kidogo, kinarudi, na gemu zako zimefufuka. Sasa watu wengi hawatofautishi kulaza na kuzima. Ile swichi ya upande wa kulia ukiisukuma mara moja na kuachia, mashine inalala, fimwea inabaki. Ukiisukuma na kuishikilia sekunde kadhaa, umeizima, na umemzika mwenzako mzima mzima. Betri ikiisha kabisa ni hivyo hivyo. Ukiichomoa betri, usiseme.

Kwa hiyo kabla hujafuta chochote, nenda Settings, kisha System Settings, kisha System Information, usome toleo. Likisema 6.60 PRO au 6.61 na maneno mengine mbele yake, fimwea iko macho. Likisema 6.61 kavu, imelala, rudi kwenye Fast Recovery. Zipo njia za kuifanya iwe ya kudumu, kama Infinity, lakini soma inakubali mashine namba ngapi kabla ya kugusa. Kuna PSP 1000, 2000, 3000, Go na ile E1000, na zinafanana kwa sura kama mapacha ilhali ndani kila mmoja ana tabia zake. Namba imeandikwa kwenye kibandiko cha chini. Soma. Usiulize watu "yangu ni nyeusi, inakubali?" Rangi si namba.

Ukiona fimwea iko macho, gemu inaonekana na picha yake, unabonyeza, halafu unapewa tarakimu 80020148, kama namba ya simu ya mtu usiyemjua, mara nyingi mambo ni mawili. Ama ISO yenyewe ilikatika katikati wakati wa kukopi, ama kisomaji cha ISO kilichochaguliwa hakipatani na gemu hiyo. Bonyeza SELECT ukiwa kwenye menyu kuu, itashuka menyu ndogo, tafuta UMD ISO Mode, weka Inferno. Ikigoma bado, linganisha ukubwa wa faili kwenye kadi na lile la kwenye kompyuta, baiti kwa baiti. Likipungua hata kidogo, kopi upya, na safari hii usichomoe kebo kwa sababu asilimia zimefika 99. Hiyo moja iliyobaki ndiyo yenyewe.

Na kebo! PSP 1000, 2000 na 3000 zinatumia USB ya mini, ile ya zamani yenye mdomo mnene, si ya simu. Nusu ya kebo za mini zilizobaki kwenye droo za watu ni za kuchajia tu, hazipitishi data. Unachomeka, unakwenda Settings, USB Connection, mashine inasubiri, kompyuta inasubiri, wewe unasubiri, watu watatu mnaangaliana. Badilisha kebo kabla ya kulaumu fimwea. Ukifanikiwa, ujue mwendo ni wa kobe: kwa MB 4 kwa sekunde, gemu ya GB 1.6 inakula karibu dakika 7, na ukiwa na gemu kumi, tafuta godoro. Mimi nasema toa kadi, ichomeke kwenye kisomaji cha kadi cha kompyuta, mambo yaishe. Ukiendelea na kebo, ukimaliza mwambie kompyuta aitoe kwanza, ndipo ubonyeze duara kwenye PSP. Na PSP ya Kijapani duara ndilo la kukubali na msalaba ndio wa kurudi, kwa hiyo hata hasira zako utazibonyeza kinyume.

Kile kitaa cha rangi ya chungwa karibu na kadi kikipepesa, maana yake mashine inaandika au inasoma. Usitoe kadi. Sijui niliseme kwa lugha gani tena.

Tuje kwenye kadi yenyewe. PSP inataka Memory Stick Pro Duo, ambazo siku hizi ni adimu, kwa hiyo watu wanatumia adapta ya kuchomeka microSD. Sawa kabisa. Lakini microSD za GB 64 kwenda juu zinatoka kiwandani zikiwa na exFAT, mpangilio wa kuhifadhi faili ambao PSP haiujui; yenyewe inataka FAT32. Unafikiri Windows itakusaidia? Kwenye dirisha lake la kawaida la kufomati inakataa kuipa FAT32 kadi inayozidi GB 32. Tumia programu nyingine ya kufomati, chagua FAT32 na vipande vya KB 32, au iweke kwenye PSP na uifomati humo humo kwenye System Settings. Kadi ya GB 32 itaonyesha kama GB 29, usigombane na mtu, ni hesabu tu: kiwanda kinahesabu kwa elfu, kompyuta inahesabu kwa 1024.

Ila kadi iliyoandikwa GB 64 ikionekana safi na gemu tatu za kwanza zinacheza vizuri, halafu ya nane inagoma, na ile ya tatu nayo inaanza kugoma ilhali jana ilikuwa nzima, hapo umeuziwa kadi feki. Imedanganya ukubwa wake. Ndani ina GB 8, ikijaa inaanza kuandika juu ya vya zamani huku inatabasamu. Kadi mpya ijaribiwe kabla ya kupewa kazi: H2testw kwenye Windows, F3 kwenye Linux na Mac. Zinaijaza yote na kuisoma upya. Ni saa kadhaa, najua. Bora saa kadhaa kuliko kupoteza sevu ya miezi, yaani pale ulipofikia kwenye gemu. Hizo sevu ziko PSP/SAVEDATA, zikopi kwenye kompyuta kabla ya kufomati chochote, maana kufomati hakuulizi mara mbili.

Wenye Mac, kuna jambo lenu la peke yenu. Kompyuta yenu inaacha vijifaili vinavyoanza na nukta na mstari, ._ halafu jina la gemu. PSP inavihesabu kama gemu, kila gemu ina pacha wake wa kijivu aliyeharibika. Havina madhara. Vifuteni tu, au vumilieni msongamano.

Na wenye diski zenu halali kabatini, mnahangaika nini kuzitafuta kwingine? Chomeka UMD, bonyeza SELECT, kwenye USB Device badilisha kutoka Memory Stick kwenda UMD Disc, toka, unganisha USB. Kompyuta itaona faili moja la ISO. Hilo ndilo diski yako nzima. Likopi kwenye kompyuta, kisha kwenye folda ya ISO, ile ya nje, tumeshasema. Ukimaliza rudisha USB Device iwe Memory Stick, la sivyo kesho utaunganisha na kushangaa kadi imekwenda wapi. Kadi ikikaribia kujaa, igeuze ISO kuwa CSO, inapungua kiasi kutegemea gemu. Lakini ukiikandamiza kwa kiwango cha mwisho, video za katikati ya gemu zitaanza kukatakata, kwa sababu mashine inafungua mzigo huku inacheza. Wenye nafasi waache ISO.

Ukiongeza programu za pembeni (plugini) kwenye folda ya seplugins na mashine ikagoma kuwaka, usiitupe. Ishikilie R wakati unawasha, utaingia menyu ya uokoaji, zima plugini mpya, utoke salama. Na kagua njia uliyoandika: kwenye PSP za kawaida inaanza na ms0:/, kwenye Go memori ya ndani ni ef0:/. Herufi moja tu, mashine nzima inasusa.

Angalia pia mgongo. Betri za zamani huvimba, mfuniko wa nyuma unabetuka kama mtu aliyenuna. Ukiona hivyo ichomoe, usiichaji tena wala usiitoboe kwa udadisi. Na PSP 1000 haichajiki kwa USB hata uibembeleze. Inataka chaja yake ya mdomo wa duara, ambayo kwa kawaida imepotea.

Basi. Folda iko mahali pake, fimwea iko macho, kadi ni ya kweli, ISO imetimia baiti zote, picha ya gemu inang'aa. Unabonyeza msalaba, skrini inakuwa nyeusi, nembo inatokea, muziki unaanza, gemu inakuuliza kama unataka kutengeneza sevu mpya. Na kile kitaa cha kijani kilichokaa kimya muda wote, hapo ndipo kinaanza kupepesa. Chaji imekwisha. Nani amechukua chaja?