Chai ya Asubuhi na Msomi wa Ukoo

Leo asubuhi nimeinua chapati kuelekea mlangoni, penye mwanga, nikamwona muuza kahawa wa ng'ambo ya barabara. Nimemwona yeye, kofia yake, na deni langu la juzi usoni mwake. Kupitia kwenye chapati! Nikamwita mama wa mgahawa kwa adabu zote, maana mimi ni mteja wake hapa Ngamiani tangu meza zake zilipokuwa na miguu minne minne. "Mama, hii ni chapati au karatasi ya kufungia bajia?" Akanijibu bila kugeuka, "Baba, unga umepanda." Umepanda. Tanga hii kila kitu kinapanda, isipokuwa mimi na maji ya bomba kwetu Makorora.

Ningelimeza neno hilo pamoja na chapati yenyewe, mambo yakaisha. Balaa ni kwamba sikuwa peke yangu. Nilikuwa na mpwa wangu, mtoto wa dada, kamaliza chuo, kasomea historia, sasa anangoja ajira. Anaingojea kwangu. Huu mwezi wa tatu. Mji wetu husifiwa kwamba waja leo waondoka leo. Huyu nadhani alisikia kipande cha kwanza akalala.

"Mjomba," akaniambia, huku akivuta chapati ya pili, "unaigombea bure. Chapati si yetu, ya Wahindi."

Nikacheka kiutu uzima. Nani asiyelijua hilo? Nikamwambia haya, ya Wahindi, na sambusa nayo wachukue wenyewe. "Sambusa si ya Wahindi, mjomba, jina lake Kiajemi." Wachukue Waajemi. Mimi nina muhogo wangu. Nimelelewa na muhogo mimi. Bibi yangu alikuwa akianika makopa juu ya bati, akatutwangia, akatusongea bada asubuhi na jioni, na aliyenung'unika alilala na njaa yake. Nikaagiza muhogo wa nazi na kibua wa kukaanga, kwa sauti, mgahawa mzima wasikie mtu wa pwani anavyoagiza.

"Muhogo umetoka Brazili," akasema.

"Umetoka Pongwe," nikamwambia. "Namjua hadi aliyeung'oa."

Hapo ndipo nilipokosea. Msomi ukishambishia umemwashia jiko. Akaanza kuhesabu kwa vidole, na vidole vyenyewe vinang'aa mafuta niliyoyalipia. Muhogo, Amerika. Mahindi, Amerika. Karanga, maharage, nyanya, viazi vitamu, nanasi, papai, mapera, korosho, vyote Amerika, vilivuka bahari baada ya Columbus mwaka 1492, na huku kwetu Wareno ndio waliovitua. Nikamwambia mahindi jina lake tu linakwambia yametoka Hindi. Akasema ndiyo, babu zetu walikosea anwani. Naye Columbus si alifika Amerika akadhani kafika Hindi? Basi tumekosea wote, nikasema, nikapitisha mkono kuchukua pilipili.

"Amerika," akasema. "Yetu ya zamani ilikuwa pilipili manga, nayo si yetu, ya India."

Nikaegemea kwa viwiko nivute pumzi.

"Na hiyo meza unayoegemea, neno la Kireno."

Nikaondoa viwiko. Sijui kwa nini niliondoa, lakini niliondoa. Mtu mzima mimi, niliyewahi kuwa mweka hazina wa kamati ya maziko, nimekaa mikono mapajani kama mtoto wa madrasa, naogopa kugusa mali ya Mreno. Mama wa mgahawa akauliza kama sahani niliikuta na mdudu. Mpwa wangu akamwambia "sahani" ni Kiarabu. Akaondoka akisonya.

Chai ya China, lakini hilo nilimzuia njiani. Nikamwambia chai inalimwa hapo juu Amani, ukipanda gari Muheza unaiona kwa macho. Akatikisa kichwa kwa huruma: Wajerumani walifungua kituo cha utafiti wa mimea pale Amani mwaka 1902, nao ndio walioileta kuijaribu. Na mkonge? Usiguse mkonge, nikamwambia, mkonge ndio uliomlisha baba yangu, na baba ndiye aliyemlisha mama yako. "Mkonge kauleta Mjerumani, Hindorf, mjomba, 1893. Miche elfu moja kutoka Florida, ikafika hai 62." Sitini na miwili! Yaani baba yangu kukata majani mpaka mgongo ukapinda ni kwa sababu miche 62 ilikataa kufa. Ingekufa pamoja na wenzake pengine leo tuna kitu kingine. Sukari sikubishana naye, kikombe changu hakikuwa na sukari ya kutosha kubishania.

Akanipeleka mbali zaidi. Wali, Asia. Ndizi, Asia. Nazi, mjomba, visiwa vya huko Asia ya Kusini-Mashariki, ilikuja na majahazi ya watu. Chungwa la Muheza, Asia. Halafu, kunituliza, akanieleza kwamba Ibn Battuta, msafiri wa Moroko, alipita pwani hii mwaka 1331, akaandika kwamba chakula cha watu wa Mombasa ni ndizi na samaki. Nikahesabu: karibu miaka 700 imepita, wao samaki walikuwa wanamla, mimi namjua kwa harufu ya jirani. Tena akaandika kwamba kule Mogadishu mtu mmoja hula kama kundi zima, na miili yao mikubwa ajabu. Nikamtazama mpwa wangu. Alikuwa kwenye chapati ya nne. Huyo Ibn Battuta angepita Makorora asingemaliza kitabu.

Nikaona nimfunge mdomo kwa silaha kubwa. "Kuku," nikasema. "Kuku wa kienyeji. Jina linajieleza."

"Kuku asili yake mwitu wa Asia."

"Wa kisasa labda."

"Wote, mjomba. Hata huyo wa kienyeji si wa kienyeji."

Jamani. Bei ya kuku wa kienyeji mnaijua. Mimi humnunua mara mbili kwa mwaka, na nikimnunua humpitisha njia ndefu ili watu wamwone. Miaka yote hiyo nalipia uenyeji! Wa kisasa yuko palepale bandani, nusu bei, na wote wawili wahamiaji!

Akaendelea kunipasua. Kumbe hapo Tongoni, njia ya Pangani, zamani ikiitwa Mtangata, Vasco da Gama alitia nanga Januari 1499 akitoka India. Mabaharia wamekufa wengi kwa kiseyeye, waliobaki hawatoshi merikebu zote, akaamua kuichoma moja, São Rafael. Wakakaa siku 15, na watu wa mji wakawa wanawapelekea kuku, wanabadilishana na mashati na bangili. Hapo sikusikia tena habari za merikebu. Kuku kwa shati! Mimi nina mashati matatu ambayo mke wangu amekwisha kuyaita matambara. Nikiyapeleka soko la Mgandini leo, muuza kuku ataniuliza kama nimekuja kumfungia kidonda.

Nikabakiwa na mmoja. Nikamshika mkia, nikamwinua juu ya sahani ya Mwarabu. "Na huyu kibua je? Huyu hakuletwa na Mreno wala Mjerumani. Kavuliwa usiku wa jana, kashushwa soko la samaki la Deep Sea, kazaliwa humuhumu baharini kwetu."

"Baharini kwa nani, mjomba?"

"Kwetu. Bahari ya Hindi."

Mgahawa ukanyamaza. Halafu ukaangua kicheko, hadi yule muuza kahawa wa ng'ambo, ambaye sijui alisikiaje. Nikamweka kibua chini taratibu.

Sasa niambieni, mtu analijibuje hilo? Nikamwuliza, kwa sauti ambayo haikuwa ya mweka hazina tena: kwa hiyo sisi tulikuwa tunakula nini? Tulikuwa tumekaa na vyungu tupu, tumeshika mwiko, tunamsubiri Mreno? Akasema hapana, vyetu vipo: mtama, ulezi, kunde, tikiti, ukwaju, ubuyu. Ubuyu! Nimeanza siku na muhogo wa nazi, namaliza na pakiti ya rangi nyekundu inayouzwa getini shuleni. Kahawa nayo ya Afrika, asili yake Ethiopia. Nikataka kuinuka nikanywe walau kahawa ya bara langu, nikamkumbuka muuza kahawa na lile deni.

Bili ikaja. Ajabu, hiyo haikuwa na asili. Haikutoka Amerika, haikutoka Ajemi, ilitoka jikoni ikanyooka moja kwa moja kwangu, na msomi akatoka nje kupokea simu ambayo sikuisikia ikilia. Chapati tano. Chenji nimepewa pipi.

Njiani mke wangu akapiga: nipitie nazi mbili, jioni wanakuja wa kamati ya harusi. Kadi ya mchango nimeletewa juzi, kiwango kimekwisha kuandikwa, na mwaka jana nilichanga vilevile nikapewa pilau kwenye kiboksi, nyama yenyewe ukubwa wa hirizi. Muuza nazi akazitikisa sikioni kwangu nisikie maji. Akataja bei. Mpwa wangu akafungua mdomo, naona kabisa Asia ya Kusini-Mashariki inakuja. Nikamtwisha nazi zote mbili nikavuka barabara.

Tumefika nyumbani, mke wangu kazipokea, kazipasua, kaangalia huku na huku. "Baba, mbuzi iko wapi?" Mbuzi ya kukunia iko kwa fundi tangu Mfungo Mosi. Mguu mmoja tu ulilegea. Kila nikipita ananiambia anangoja msumari, na msumari nilimpelekea mwenyewe, nikampa na mkononi, akauweka nyuma ya sikio. Jana nilipopita alikuwa ameukalia, kaupigilia kwenye benchi lake jipya. Naam, mguu wa nyuma, kichwa cha msumari kimechomoza vilevile kilivyopinda. Sasa navaa viatu tena.