"Mazoezi ya Nini, Mwanangu?" Kupima Mitazamo ya Watu wa Nyanda za Juu Kusini

Miaka kadhaa iliyopita nilikuwa mmoja wa wadadisi waliopita nyumba kwa nyumba katika kijiji kimoja cha Wilaya ya Kilolo, mkoani Iringa, tukiwa na dodoso lililotaka kujua mitazamo ya watu wazima kuhusu elimu, mapumziko na mazoezi ya mwili. Ilikuwa Januari, wakati wa palizi. Mama mmoja alinipokea akiwa ndiyo kwanza ametua mzigo wa kuni, kata ya kitambaa ikiwa bado kichwani. Tulisalimiana "Kamwene", tukaulizana habari za nyumbani kwa kirefu kama inavyopasa, kisha nikamsomea swali: "Katika wiki ya kawaida, unafanya mazoezi siku ngapi?" Alinitazama kidogo, akauliza, "Mazoezi ya nini, mwanangu?" Nilirudia swali lilelile bila kuongeza neno, kwa sababu ndivyo tulivyofundishwa, naye akajibu kwa upole kwamba hafanyi. Nikaandika sifuri. Kuni zile alizifuata ng'ambo ya bonde, na kabla ya kuzifuata alikuwa ameshapalilia tangu alfajiri.

Sifuri ile imenikaa akilini hadi leo. Wapo wanaoweza kuichukua kuwa ushahidi kwamba madodoso hayafai kitu vijijini, na kwamba mtazamo ni jambo la moyoni lisiloingia kwenye hesabu. Sikubaliani nao, ingawa nauelewa uchungu wao, na ni haki kuanza na hoja za wanaotetea vipimo kabla ya kuzungumzia kasoro zake.

Mwaka 1928 Louis Thurstone, mwanasaikolojia wa Chuo Kikuu cha Chicago, alichapisha makala iliyodai wazi kwamba mitazamo inaweza kupimwa. Njia yake ilikuwa ndefu: kukusanya kauli nyingi kuhusu jambo moja, kuwapa waamuzi wazipange katika mafungu 11 kuanzia kauli yenye chuki kubwa hadi yenye upendo mkubwa, kisha kubaki na zile ambazo waamuzi walielewana kuhusu mahali pake. Miaka minne baadaye, yaani mwaka 1932, Rensis Likert alipendekeza njia nyepesi zaidi, ambayo ndiyo tunayoikuta leo karibu katika kila dodoso: kauli moja, na majibu matano kuanzia "nakubali kabisa" hadi "sikubali kabisa". Wepesi huo ndio nguvu yake, kwa kuwa kwa gharama ndogo mtafiti anaweza kulinganisha Makambako na Tukuyu, wanaume na wanawake, mwaka huu na miaka mitano ijayo.

Faida nyingine, ambayo naiona kubwa kuliko hiyo, huwa haitajwi sana. Katika mikoa yetu kuna kauli inayorudiwa kwenye semina na majukwaa kila matokeo ya mitihani yanapokuwa mabaya: "Wananchi hawana mwamko wa elimu." Ni kauli nyepesi kuitoa, na anayesemewa hana pa kuijibia. Kipimo kilichotengenezwa kwa uangalifu kinampa mwananchi mahali pa kujibu. Zaidi ya hapo, sampuli inayochaguliwa kwa bahati nasibu humfikia hata yule mama anayekaa nyuma kabisa katika mkutano wa kijiji, ambaye hajawahi kunyoosha mkono, wakati mazungumzo ya wazi mara nyingi hutawaliwa na watu walewale watano wenye sauti. Anayesema tuache namba na tuwasikilize watu tu anapaswa kueleza ni watu gani atakaowasikiliza.

Hata hivyo, kipimo kinategemea jibu, na jibu hutolewa na mtu aliyelelewa mahali fulani. Kwetu, mgeni aliyekuja na kishikwambi mkononi hapingwi barazani kwa mwenyeji wake. Ukimsomea mzee wa Rungwe kauli ishirini, atakubali nyingi kati ya hizo, zikiwemo mbili zinazopingana, kwa sababu kukataa neno la mgeni mbele yake si adabu. Wataalamu wa vipimo wanaijua tabia hii, na dawa yao ya kawaida ni kuchanganya kauli za kusifu na za kukanusha. Tatizo ni kwamba dawa hiyo haikai vizuri katika Kiswahili. Ukimwuliza mtu, "Michezo shuleni haina faida?" naye akajibu "Ndiyo", huenda anamaanisha kwamba ndiyo, haina faida. Ukimtaka aseme kama anakubali au hakubali kauli yenye "ha-" ndani yake, "sikubali" yake inageuka kuwa ukanushi juu ya ukanushi, na nimeona wadadisi wenyewe wakibishana jioni kuhusu kisanduku gani kilipaswa kutiwa alama. Jibu la katikati nalo lina mambo yake. Mtu anayesema "kawaida tu" anaweza kuwa hana msimamo, au anao lakini hapendi kuutoa, au amechoka na angependa urudi siku nyingine.

Katika elimu ugumu ni wa aina nyingine. "Elimu ni ufunguo wa maisha" ni maneno ambayo kila Mtanzania ameyasikia tangu utoto, yakiandikwa kwenye kuta za madarasa na kwenye majalada ya madaftari. Ukiyaweka kwenye dodoso, karibu kila mtu atayakubali kabisa, na kauli inayokubaliwa na kila mtu haimtenganishi yeyote na mwenzake, kwa hiyo haipimi kitu. Kinachotenganisha watu ni mahali ambapo shule inagongana na jambo jingine lenye uzito. Mzazi wa Makete au Mufindi anayekubali kwamba elimu ni ufunguo anaweza pia kumruhusu binti yake kwenda Dar es Salaam kufanya kazi za ndani. Wachambuzi wengine husema hapo ndipo unafiki unapojitokeza. Mimi naona tuna maswali mawili tuliyoyafanya kuwa moja: anaithamini elimu kiasi gani, na ana uwezo gani wa kuutekeleza huo uthamini.

Pengo kati ya maneno na matendo lilionekana mapema. Mwanzoni mwa miaka ya 1930 Richard LaPiere alizunguka Marekani pamoja na mume na mke wa Kichina, wakati ambapo chuki dhidi ya Wachina ilikuwa kubwa nchini humo. Walifika katika hoteli na migahawa 251, wakakataliwa mara 1 tu. Baadaye aliwaandikia wenye biashara hizo kuwauliza kama wangewapokea wageni wa Kichina, na zaidi ya asilimia 90 ya waliojibu walisema hapana. Taarifa yake ilitoka mwaka 1934, na tangu hapo hakuna mtafiti makini anayechukulia jibu la karatasini kuwa sawa na tendo. Icek Ajzen, katika nadharia aliyoieleza kwa kina mwaka 1991, aliongeza kwamba mtazamo ni sehemu moja tu ya kinachomfanya mtu atende: kuna shinikizo la wanaomzunguka, na kuna jinsi anavyouona uwezo wake mwenyewe wa kulitenda jambo.

Tanzania iliyaona hayo bila dodoso lolote. Waraka wa Elimu Namba 5 wa mwaka 2015 ulifuta ada na michango ya lazima katika elimu ya msingi na sekondari hadi kidato cha nne, na Januari 2016 shule zilifurika wanafunzi wa darasa la kwanza. Ni vigumu kuamini kwamba mitazamo ya wazazi ilibadilika kati ya Desemba na Januari. Kilichobadilika ni gharama, na watoto wengi waliokuwa wakihesabiwa kuwa wa wazazi "wasio na mwamko" wakaonekana kuwa wa wazazi wasio na fedha. Kama kungekuwa na kipimo kilichotenganisha nia na uwezo kabla ya mwaka huo, huenda lawama ile isingedumu muda mrefu kiasi kile.

Nirudi kwenye mazoezi na mapumziko, maana huko ndiko maneno yenyewe yanakotuangusha. "Zoezi", kwa mtoto wa shule, ni kazi ya hesabu kwenye daftari. "Mchezo" ni mpira, lakini pia ni utani, na anayeambiwa "acha mchezo" anaambiwa awe makini. "Starehe" imebeba harufu ya pombe na usiku. "Burudani" ni muziki, na "mapumziko" kwa wengi ni kulala au kukaa kivulini. Uliza katika usharika wa Kilutheri kijijini Iringa kama starehe ina nafasi katika maisha ya mtu mzima, nawe utapata safu ya "sikubali kabisa" kutoka kwa watu wanaofanya mazoezi ya kwaya jioni mara kadhaa kwa wiki, wakicheka na kusahau taabu za mchana. Kwaya ile ndiyo tafrija yao. Dodoso lililoorodhesha kuogelea na kucheza tenisi halikuiona, wala halikuliona bao chini ya mwembe au drafti ya vizibo vya soda pale kijiweni.

Kasoro hii ina mizizi katika vipimo vyenyewe. Mwaka 1968 Gerald Kenyon alitoa kipimo cha mitazamo kuhusu shughuli za mwili ambacho kimetumiwa na kuigwa sana. Alizigawa sababu za watu kuthamini shughuli hizo katika makundi sita: kukutana na wenzao, afya, msisimko wa hatari, uzuri wa mwendo, kutuliza hisia, na kujinyima kwa mazoezi magumu ili kufikia ushindi. Ni mgawanyo wenye akili, na mojawapo ya manufaa yake ni kuonyesha kwamba mtu anaweza kupenda mpira kwa sababu ya marafiki bila kujali afya hata kidogo. Lakini yote sita yanamchukulia mtu anayetumia mwili wake kwa hiari. Hakuna kundi la anayebeba mkungu wa ndizi kupanda mlima kwa sababu soko liko juu.

Shirika la Afya Duniani lilipunguza tatizo hilo kwa dodoso lake la shughuli za mwili linalouliza kazi, mwendo wa kwenda mahali, na mapumziko kila kimoja peke yake. Kwa hesabu hiyo yule mama wa Kilolo asingepata sifuri, kwani mwongozo wa shirika hilo wa mwaka 2020 unamtaka mtu mzima afikishe dakika 150 hadi 300 za shughuli ya wastani kwa wiki, na yeye huenda alizimaliza kabla ya Jumatano. Bado mwezi wa kuuliza una maana kubwa. Wiki ya palizi mwezi Januari na wiki ya Agosti, mahindi yakiwa yameshaingia ghalani, ni wiki za miili miwili tofauti, na utafiti unaofika mara moja tu kwa mwaka utaandika mmoja wao.

Mtu anaweza kuuliza: kama mama yule tayari anatimiza dakika zake, mtazamo wake kuhusu mazoezi unatuhusu nini? Nadhani hapa ndipo penye uzito wa jambo zima. Watoto wake hawatabaki na jembe wote. Mmoja atakwenda Mwanjelwa, jijini Mbeya, kuuza dukani, mwingine ataendesha bodaboda Mafinga, wa tatu akijaliwa atakaa ofisini. Siku kazi itakapoacha kuulazimisha mwili, kitakachobaki cha kuuinua ni mtazamo peke yake. Mtu aliyekua akijua kwamba jasho ni alama ya umaskini na kitambi ni alama ya mafanikio hatalifuata jasho hilo Jumamosi asubuhi akishapata gari. Wakati huohuo, barabara za Jiji la Mbeya zina vikundi vya watu wanaokimbia kabla ya jua kupanda, na Mbeya Tulia Marathon hukusanya wakimbiaji wa kila umri. Kujua nini kiliwafanya hawa walione jasho kwa jicho jingine, na kama ni kipato, shule, ushauri wa daktari au marafiki, ni kazi ambayo mizani ya Likert inaweza kuifanya vizuri ikipewa maneno yanayoeleweka.

Maneno hayo hupatikana kwa kukaa na watu kabla ya kuandika maswali. Katika kazi nyingine niliyoshiriki baadaye tulianza na punje za mahindi: tunaweka sahani tatu, shule, kazi na mapumziko, tunampa mtu punje 10 agawe kama anavyotamani siku ya mtoto wake igawanyike, kisha agawe tena kama ilivyo kweli. Baba mmoja aliweka sita kwenye shule, tatu kwenye kazi na moja kwenye mapumziko. Katika mgawo wa pili alihamisha punje moja baada ya nyingine kutoka shule kwenda kazi, polepole, akieleza kila moja: hii ni ng'ombe, hii ni maji, hii ni mdogo wake mgonjwa. Zilipobaki mbili alinyamaza. Maelezo yake ndiyo yaliyotupatia kauli tulizozitumia katika dodoso, nalo lilijazwa na mamia ya watu kwa mizani ileile ya ngazi tano.

Njia hii inaongeza siku mbili au tatu katika kila kijiji, na wanaogharamia tafiti huziona kuwa siku za kupotea. Pia haiondoi heshima ya mwenyeji kwa mgeni wala haizibi pengo la LaPiere. Ninaitetea kwa sababu ya lile swali la Kilolo. Siku ya mwisho nilipita tena kwa yule mama kuaga, nikamwuliza, nje ya dodoso, kama kuna jambo la kuchezesha mwili alilowahi kulipenda, mbali na shamba. Alisema alicheza mpira wa pete shule ya msingi, akiwa mfungaji, na kwamba Jumapili baada ya ibada wanawake wenzake wangekuja kama kungekuwa na kiwanja na mtu wa kuwabakia na watoto. Kisanduku cha kuandika hayo hakikuwepo, na dodoso lake lilikuwa limeshatumwa.